Tsavo iliyopigwa picha California

Msafiri atokaye Mombasa kwenda Nairobi, awe ndani ya basi au treni, akishaiacha Voi kwa kiasi cha kilomita 50 huvuka mto usiokuwa na makuu. Ni mto Tsavo. Wengi wa abiria huwa wamelala. Wachache walio macho humgusa jirani bega na kumwambia: hapa ndipo simba walipowala watu wa reli. Jirani huitikia kwa kichwa, naye akarudia usingizi wake. Habari hiyo ameisikia tangu utotoni, na yamkini hajawahi kujiuliza ni nani aliyeisimulia kwanza, wala ni akina nani walioliwa.

Jioni ya Novemba 26, 1952, habari hiyohiyo iliwaamsha watu wa Los Angeles. Walipanga foleni mbele ya majumba ya sinema, wakapewa miwani ya karatasi, wakaketi gizani kuwangoja simba wa Tsavo wawarukie mapajani. Hiyo ndiyo ahadi iliyotolewa katika matangazo, pamoja na ahadi nyingine ya mapenzi ambayo haihitaji kurudiwa katika ukurasa unaosomwa na wanafunzi. Sinema yenyewe iliitwa Bwana Devil. Mwalimu wa lugha hawezi kulipita jina hilo bila kusimama kidogo. Neno letu la heshima, ambalo mke humwitia mumewe na muumini humwitia Mola wake, lilifungwa nira pamoja na shetani wa Kiingereza ili tiketi ziuzike.

Aliyefanya hivyo alikuwa Arch Oboler, mtayarishaji, mwandishi na mwelekezi wa sinema za fedha kidogo. Kazi ya maisha yake inastahili kusomwa na yeyote aliye na hamu ya kutengeneza filamu ilhali hana fedha, na katika Taita Taveta vijana wa namna hiyo si haba. Inastahili kusomwa kwa sababu ya yale aliyoyaweza. Inastahili zaidi kwa sababu ya mahali alipokosea, kwani alikosea hapa kwetu.

Oboler alikuwa mzaliwa wa Chicago, na jina alilipata katika redio kabla ya sinema. Mwaka 1936 alikabidhiwa mfululizo wa vitisho wa redio ulioitwa Lights Out, yaani zimeni taa. Studio ya redio ni mahali pa maskini: hakuna mandhari, hakuna mavazi, hakuna farasi. Kuna sauti tu. Katika mchezo wake mmoja mtu hugeuzwa nje-ndani kama shati, na sauti ya mkasa huo ilipatikana kwa kuigeuza glavu ya mpira iliyoloweshwa maji karibu na kipaza sauti. Mwaka 1937 aliandika mchezo kuhusu moyo wa kuku unaokua bila kikomo hadi unaelekea kuumeza ulimwengu mzima. Gharama yake ilikuwa mapigo ya moyo yanayozidi kupanda. Wamarekani waliousikia wakiwa watoto waliendelea kuuzungumzia hadi uzeeni. Hapo ndipo Oboler alipojifunza kwamba hofu huingia kwa sikio mapema kuliko inavyoingia kwa jicho, na kwamba msikilizaji akipewa nusu ataijaza nusu iliyobaki kwa akili yake mwenyewe, bila malipo.

Alipohamia sinema katika miaka ya 1940 alianza kwa kuzifanyia kazi kampuni kubwa, na Bewitched ya mwaka 1945 ni mojawapo ya kazi za wakati huo. Hata hivyo, hakuwa mtu wa kukaa chini ya kivuli cha wengine. Mwaka 1951 alitoa filamu iitwayo Five, kuhusu watu watano waliosalia baada ya vita vya nyuklia. Gharama yake ilikuwa kama dola 75,000, kiasi ambacho studio kubwa za Hollywood zingekiona cha mzaha. Aliipunguza vipi? Waigizaji walikuwa wachache na wasio na majina. Wapiga picha na mafundi walikuwa kikundi kidogo cha vijana waliohitimu karibuni katika chuo kikuu cha Southern California. Jengo kuu la hadithi lilikuwa nyumba yake mwenyewe milimani, iliyochorwa na msanifu mashuhuri Frank Lloyd Wright. Kazi ilipokamilika, aliiuza kwa kampuni ya Columbia ili isambazwe.

Mwalimu anayetaka kuwaonyesha wanafunzi namna kazi hii inavyofanywa hana haja ya mfano mwingine. Mtayarishaji wa fedha kidogo huhesabu kwanza alichonacho, ndipo aandike hadithi. Ana nyumba? Hadithi itakuwa ya nyumbani. Ana waigizaji watano? Basi ulimwengu umebaki na watu watano. Zaidi ya hayo, filamu ni yake mpaka apate mnunuzi, kwa hiyo anaweza kusema ambalo wengine wanaliogopa. Mmoja wa wale watano ni mtu mweusi, aliyeigizwa na Charles Lampkin, mwenye utu na sauti yake kamili. Katika Marekani ya mwaka 1951, ambako majimbo mengi yalikuwa yangali yakiwatenganisha wanafunzi weusi na weupe, hilo halikuwa jambo dogo. Mimi simo miongoni mwa wanaomcheka Oboler.

Sasa turudi kidogo nyuma. Mwaka 1948 Oboler alizunguka Afrika akiwa na vyombo vya kunasia sauti na kamera. Alirudi kwao na picha za nchi na wanyama, pamoja na kisa cha simba wa reli. Ni mwaka huohuo, Aprili 1, ambapo serikali ya kikoloni iliitangaza Tsavo kuwa mbuga ya taifa, mbuga ambayo leo imegawanyika kuwa Mashariki na Magharibi na kuchukua takriban asilimia 62 ya ardhi ya kaunti ya Taita Taveta. Mgeni mmoja alichukua hadithi ya Tsavo na serikali ikaichukua ardhi yenyewe, mwaka mmoja, bila ya mmoja kumjua mwenzake.

Filamu aliyokusudia mwanzoni ilikuwa iitwe Simba wa Gulu, kwa Kiingereza bila shaka, ingawa Gulu iko Uganda na reli haikuwahi kupata mkasa huo huko. Alikwisha kuanza kupiga picha alipoonyeshwa majaribio ya uvumbuzi wa ndugu wawili, Milton na Julian Gunzburg. Kamera mbili zilipangwa zikielekeana, kila moja ikitazama kioo kilichoinamishwa, hata zikawa zinaona kama jicho la kushoto na la kulia la mtu mmoja. Katika jumba la sinema projekta mbili ziliendeshwa kwa pamoja, na miwani ya Polaroid ikamgawia kila jicho picha yake. Akili ya mtazamaji ndiyo iliyoziunganisha na kuona kina. Kwa kuwa projekta zote mbili zilikuwa kazini kwa wakati mmoja, hapakuwa na ya akiba ya kuendeleza picha utepe ulipokwisha, kwa hiyo ilibidi kuwe na mapumziko katikati. Kampuni kubwa zilikwisha kuonyeshwa uvumbuzi huo zikaupa kisogo. Oboler alizitupa picha alizokwisha kupiga, akaanza upya.

Huo ulikuwa ujasiri, na ulilipa. Wahakiki waliikashifu sinema hiyo kwa hadithi yake dhaifu na mazungumzo yake ya kuchosha, lakini foleni hazikupungua. Kampuni ya United Artists iliichukua kuisambaza. Mpiga picha wa gazeti la Life, J. R. Eyerman, aliwapiga picha watazamaji wa usiku ule wa kwanza wakiwa safu kwa safu na miwani yao, na picha hiyo ingali ikichapishwa vitabuni hata na watu wasiojua ilikuwa sinema gani. Zile kampuni zilizokataa zilikimbilia kamera za kina, na katika mwaka 1953 Warner wakatoa House of Wax. Mtu mmoja wa mfuko mwembamba aliitikisa Hollywood nzima, na alichoitikisia ni jina la stesheni ndogo iliyo kaskazini ya Voi.

Lakini je, Tsavo yenyewe ilikuwemo?

Nyika iliyoonekana katika sinema ile ilikuwa shamba la kampuni ya Paramount katika milima ya Santa Monica, California. Hapa na pale zilipachikwa picha alizozichukua Afrika mwaka 1948, ambazo hazikuwa na kina kwa sababu zilipigwa kwa kamera ya kawaida. Hadithi ni ya injinia Mzungu, mkewe na daktari wao, iliyoigizwa na Robert Stack, Barbara Britton na Nigel Bruce. Wajenzi wa reli wako nyuma yao, kama miti ilivyo nyuma ya nyumba.

Mtu aweza kumtetea kwa kusema kwamba kuja Tsavo na kamera nzito zilizofungwa mbilimbili kungemfilisi. Ni kweli, na simlaumu kwa kutosafiri. Neno langu ni jingine. Alipotengeneza Five aliutazama uhaba wake, akauliza kilichokuwa karibu naye. Katika Bwana Devil aliacha kuuliza. Aliazima nchi ya watu, akachukua meno yake tu.

Tukio lenyewe ni la mwaka 1898. Reli iliyoanzia Mombasa mwaka 1896 ilikuwa imefika mtoni, na Luteni Kanali John Henry Patterson aliletwa mwezi Machi kulijenga daraja. Simba wawili madume wasiokuwa na manyoya marefu ya shingoni waliwanyakua wafanyakazi kutoka mahemani, mmoja baada ya mwingine, hata kazi ikasimama. Patterson aliwaua wote wawili mwezi Desemba. Mwaka 1907 alichapisha kitabu kilichomletea sifa duniani, na mwaka 1924 akaziuza ngozi, ambazo kwa miaka mingi zilikuwa mazulia ya nyumbani kwake, pamoja na mafuvu, kwa makumbusho ya Field mjini Chicago kwa dola 5,000. Oboler alikuwa kijana katika mji huohuo. Simba hao wangali huko ndani ya kioo, wakionekana wadogo kuliko walivyokuwa kwa sababu mazulia yalikwisha kupunguzwa kingo.

Kuna jambo katika kitabu cha Patterson ambalo kila mwalimu wa historia katika kaunti hii angelisoma mbele ya darasa lake. Anasema Wahindi walioliwa walikuwa 28. Kisha anaongeza kwamba waliliwa pia Waafrika makumi kadhaa, na kwamba hao hapakuwekwa kumbukumbu rasmi ya idadi yao. Baadaye alidai jumla ya watu 135. Mwaka 2009 wanasayansi walichunguza mifupa na nywele za simba hao, wakakadiria kwamba walikula kama watu 35. Mwaka 2024 wengine walitoa vipande vya nywele vilivyokuwa vimenasa katika meno yao mabovu, wakatambua twiga, choroa, kuro, nyumbu, pundamilia na binadamu. Kwa hiyo tunajua leo kutokana na jino la simba yale ambayo daftari la karani halikujali kuyaandika. Majina bado hatuyajui. Walikuwa Wataita? Wakamba? Waswahili wa pwani walioingia kazini kama wapagazi? Daftari halisemi, na sinema hazikuuliza.

Naam, sinema, kwa maana haikuwa moja. Mwaka 1996 kisa hicho kilitengenezwa tena kwa fedha nyingi, kikaitwa The Ghost and the Darkness, nacho hakikupigwa Tsavo bali Afrika Kusini, na simba wake walikuwa na manyoya tele shingoni. Niliwahi kuitazama kwenye video pamoja na kundi la wanafunzi wa huku. Kelele zilikuwa nyingi kila simba alipotokea. Kisha mmoja, ambaye hakuwa akipiga kelele, akauliza: "Mwalimu, mbona vilima si vyetu?" Sikuwa na jibu la haraka. Ukosefu wa fedha hauwezi kuwa jibu, maana fedha safari hii hazikukosekana.

Tarehe nayo ina la kusema. Oktoba 20, 1952, Gavana Evelyn Baring alitangaza hali ya hatari nchini Kenya, na Jomo Kenyatta akakamatwa pamoja na wenzake. Siku 37 baadaye watu wa Los Angeles walikuwa wakiinama vitini kumkwepa simba wa mwaka 1898. Haukupita muda kabla ya waya za seng'enge kuzungushwa Manyani, kando ya reli hiyohiyo, baina ya Voi na daraja lile, na maelfu ya watu wakafungiwa humo bila kuhukumiwa. Simdai Oboler unabii. Hata hivyo nchi aliyoionyesha kama pori tupu lenye simba wawili ilikuwa na mambo mengine yakitokea ndani yake, na mwenye kuishi hapo angeyajua.

Wako walioishi hapo na kamera. Simon Trevor, aliyewahi kuwa mlinzi wa wanyama Tsavo, aligeukia utengenezaji wa filamu akiwa papo hapo mbugani, na mwaka 1998 akaanzisha wakfu wa filamu za mazingira, ambao filamu zake hutolewa kwa Kiswahili pia ili wenyeji wazitazame. Kazi hiyo ni ya kupongezwa. Shabaha yake ni ndovu na pori, nayo haiwezi kulaumiwa kwa kuacha yasiyokuwa kazi yake.

Yaliyoachwa ni mengi. Katika mapango ya vilima vya Taita yamo mafuvu ya wazee, yaliyowekwa kwa adabu na taratibu ambazo mpiga picha hana ruhusa ya kuzivuka bila idhini ya wenyewe. Yako mapambano ya Mwangeka na Waingereza katika miaka ya 1890. Iko Salaita karibu na Taveta, ambako Februari 12, 1916 majeshi ya Afrika Kusini yalirudishwa nyuma na askari wa Wajerumani, wengi wao wakiwa Waafrika, na ambako haja ya vita ilifanya reli ya kutoka Voi ijengwe kwa pupa. Kiko Chama cha Milima ya Taita, kilichopigwa marufuku mwaka 1940 kwa kupigania ardhi. Kuna mashamba ya mkonge ya Mwatate. Na kuna mkulima wa leo aliyepakana na mbuga, ambaye hukesha akipiga debe ili ndovu wasiingie katika mahindi yake. Mkulima huyo hahitaji miwani ya karatasi ili aone mnyama akimjia.

Vyombo havikosekani tena kama zamani. Simu iliyo mfukoni mwa mwalimu kijana hupiga picha kwa urahisi ambao Oboler asingeuota. Watu wa River Road mjini Nairobi walithibitisha, tangu mwanzoni mwa karne hii, kwamba filamu inaweza kupigwa kwa siku chache na kuuzwa kwa mafungu kama mchicha. Tamasha la kitaifa la drama la shule na vyuo siku hizi hushindanisha filamu pia. Walimu watasema, na wana haki, kwamba ratiba haina nafasi na kwamba mzazi aliyeshindwa na karo hawezi kuombwa fedha za filamu. Lakini nimeona mara kwa mara shule zikitumia akiba yao ndogo kukodi mavazi ya kigeni na kuigiza hadithi za Nairobi wasiyoifahamu. Huko ni kuirudia Bwana Devil kinyumenyume.

Oboler mwenyewe hakuirudia bahati yake. The Twonky, ya mwaka 1953, haikupendwa. Mwaka 1966 alirejea kwenye kina kwa The Bubble, safari hii kwa mtindo uliotumia projekta moja badala ya mbili, na mwaka 1972 akapiga Domo Arigato huko Japani, filamu ambayo ni wachache walioiona. Alifariki Machi 1987. Wanaomkumbuka leo ni wa aina mbili: wapenzi wa redio za kale, na wapenzi wa miwani. Wale wa redio ndio wanaomheshimu zaidi, nami nakubaliana nao, kwa sababu katika redio alijitegemea kwa kipaji chake kitupu.

Wakati mwingine hufikiria jinsi Oboler wa redio angekishughulikia kisa cha Tsavo laiti angezaliwa Mbololo. Simba asingeonekana hata mara moja. Kungekuwa na hema, taa ya chemni, na watu sita wanaosikiliza. Nje, ukimya, kisha kitu kizito kinakanyaga kokoto. Mmoja ananong'ona Kipunjabi, mwingine Kikamba, na wa tatu Kitaita, hakuna amwelewaye mwenzake, na wote wanaelewana. Taa inazimwa. Asubuhi karani anasimama na daftari akiita majina. Waitwao wanaitikia, na kwa asiyeitikia karani anatia alama. Akimaliza anafunga daftari. Pembeni wamesimama wanaume kumi au kumi na wawili ambao hawakuitwa, kwa kuwa hawakuandikwa, nao wanatazamana wakihesabiana wenyewe kwa wenyewe, na kuna nafasi katika mstari wao.

Inahitajika alasiri mbili za kupiga picha, ardhi nyekundu ambayo Voi haijapungukiwa nayo, na daftari kuukuu. Hema linaweza kuazimwa kwa skauti.